Nyota Nazo Huzeeka

Waborana, jirani zetu hapa Isiolo, tangu zamani huhesabu miezi kwa mwezi na nyota, zikiwamo Kilimia na Aldebaran iliyo karibu nayo. Wataalamu huzipanga nyota kwa rangi: za samawati zina moto mkali kabisa, kisha nyeupe, za manjano kama Jua, mwisho nyekundu. Kilimia ni nyota changa, za samawati. Aldebaran imezeeka: haidrojeni ya kiini chake imekwisha, imevimba, uso wake umepoa na kuwa mwekundu. Lakini kwa ukubwa wake hutoa mwanga mara 400 hivi ya ule wa Jua! Basi tusiwaweke kando wazee wetu. Zaburi ya 92 yatufundisha kwamba mwenye haki hakomi kuzaa hata akiwa mkongwe. Amina.