Maji Magumu na Hita ya Kuogea: Tazama Birika Kabla ya Kwenda Dukani

Mama mpendwa, kabla hujatoa pesa ya hita, ingia jikoni ufunue birika. Ukikuta ndani yake kumeshika ukoko mweupe, mgumu kama chokaa ya ukutani, basi umekwisha kujua jambo ambalo muuza duka huenda asikuambie. Maji ya nyumbani kwako ni magumu, na kilichotokea ndani ya birika ndicho kitakachotokea ndani ya hita yoyote utakayoinunua.

Akina mama wa Dodoma wanalijua jambo hili bila kufundishwa. Maji mengi ya mji huo yanatoka katika visima virefu vya Makutupora, kaskazini ya mji. Yakiwa huko chini ya ardhi hukaa katika miamba na kuyeyusha madini yake, hasa kalsiamu na magnesiamu. Ndiyo maana sabuni inagoma kutoa povu, nguo nyeupe zinafifia, na maharage yanamaliza mkaa kabla hayajaiva. Tangu Serikali ilipoanza kuhamia Dodoma mwaka 2016, familia nyingi zilizozoea joto la Dar es Salaam zimekutana na asubuhi za Juni na Julai, ambapo nyuzi joto huweza kushuka hadi 13 au 14. Watoto wanaogopa bafu. Baba naye anasema, "Mama watoto, mwezi huu tununue hita." Hapo ndipo fedha nyingi hupotea, kwa sababu tunatazama bei na umbo la hita, na maji hatuyatazami kabisa.

Ukoko unatoka wapi?

Maji magumu yanapopashwa moto, sehemu ya madini yaliyoyeyuka hugeuka kuwa chokaa na kung'ang'ania mahali penye moto zaidi. Katika hita ya umeme mahali hapo ni koili. Maji yakizidi nyuzi 60, chokaa hujitenga kwa kasi zaidi.

Wengi husema kwamba ukoko unakula umeme. Ni kweli nusu tu. Koili iliyozama ndani ya maji haina pengine pa kupeleka moto wake isipokuwa kwenye maji hayo hayo, hata kama imevaa koti la chokaa. Hasara yake ni nyingine: moto unachelewa kutoka, koili inajiunguza yenyewe, na siku moja inakatika. Tangi nalo linajaa mchanga mweupe, mpaka hita uliyoinunua kwa lita 50 inabeba pungufu. Lakini kwa hita ya gesi, ambayo moto wake uko nje na maji yako ndani, ukoko ni ukuta kati yao. Hapo nishati inapotea kweli. Uchunguzi wa taasisi ya Battelle ya Marekani, uliotolewa mwaka 2009, ulionyesha jambo hilo: kwa maji magumu sana, hita za umeme zenye tangi ziliendelea kupasha kwa ufanisi ule ule, za gesi zenye tangi zikapungukiwa, na zile za gesi za papo kwa papo zikaziba.

Ndoo moja ina uniti ngapi?

Tuhesabu kidogo, maana hesabu hii haiandikwi kwenye boksi la hita. Uniti moja ya umeme inaweza kupandisha lita 86 za maji kwa nyuzi 10. Ndoo ya lita 20, kutoka nyuzi 20 hadi 40 za kuogea, inataka karibu nusu uniti. Watu watano wakioga ndoo moja moja kila siku, kwa mwezi ni karibu uniti 70.

Katika bei za umeme zilizotangazwa mwaka 2016, mteja mdogo wa nyumbani alipewa uniti 75 kwa mwezi kwa shilingi 100 kila moja, na kila uniti iliyozidi hapo ikawa shilingi 350. Mteja wa kawaida alilipa shilingi 292 kabla ya kodi na makato. Ukiwa katika kundi la wateja wadogo, hita peke yake inakaribia kumaliza uniti zote za bei nafuu kabla hujawasha taa wala friji. Uliza uko kundi gani kabla hujanunua, usije ukashangaa LUKU inapoisha katikati ya mwezi.

Tena, mama, usidanganyike na maneno ya dukani kwamba hita hii inapasha "kwa umeme kidogo" kuliko ile. Ndoo ya maji inadai joto lile lile kwa hita yoyote ya koili. Tofauti zipo katika mambo mengine: joto linalopotea wakati hita imekaa tu, maji ya moto yanayomwagika bure, na miaka ambayo chombo kitadumu. Hita ya bei rahisi inayokufa kila mwaka si nafuu hata kama haitumii umeme mwingi.

Aina za hita na maji yetu

Koili ya kuchovya kwenye ndoo ndiyo rahisi kuliko zote, na ukoko wake unatoka kwa kuilaza katika maji ya ndimu au siki usiku kucha, ikiwa imechomolewa. Lakini mimi siipendi katika nyumba yenye watoto. Mtoto anayeingiza mkono kwenye ndoo kabla swichi haijazimwa anaweza kupoteza maisha. Ukilazimika kuitumia, chomoa kwanza plagi ndipo uguse maji, na mlango wa chumba hicho ufungwe.

Shawa ya umeme, ile inayopasha maji yanapopita, haina tangi la kupoteza joto. Mtu akioga dakika nane kwa shawa ya kilowati 5 anatumia theluthi mbili za uniti, na akiimba dakika ishirini ni zaidi ya uniti moja na nusu. Inataka waya wake mnene kutoka meni swichi, na waya wa ethi usiokuwa wa kubahatisha. Nyingi ya shawa hizi zina koili iliyo uchi ndani ya maji. Maji yenye chumvi nyingi hupitisha umeme vizuri zaidi kuliko maji matamu, kwa hiyo koili hiyo hufa mapema na anayeoga anaweza kurushwa. Zipo shawa zilizotengenezwa kwa ajili ya maji ya chumvi au ya kisima, koili yake ikiwa imefunikwa. Mwambie muuzaji waziwazi, "Kaka, maji yetu ni ya kisima, yana chumvi," naye akuonyeshe maandishi hayo kwenye boksi. Akikujibu kwamba zote ni sawa, nenda duka la pili.

Hita yenye tangi ndiyo ningeichagua kwa familia kubwa inayotumia umeme. Tangi la lita 50 likipashwa hadi nyuzi 60, ukichanganya na maji ya baridi, unapata ndoo tano za kuogea kwa uniti mbili na robo hivi. Koili ya wati 1,500 itafanya kazi hiyo kwa saa moja na nusu. Ikiachwa imewashwa mchana na usiku, itaendelea kupoteza joto na kulirudisha, na upotevu huo kwa siku unaweza kufika uniti nzima au zaidi. Basi iwashwe alfajiri kabla ya kuoga, kisha izimwe.

Unapoichagua, usitazame rangi. Uliza kama koili inaweza kufunguliwa na kubadilishwa, na kama vipuri vipo mjini. Koili ndefu na pana ya wati chache ni bora kuliko fupi ya wati nyingi, maana moto wake haujikusanyi mahali pamoja. Kuna na zile ambazo koili imekaa kavu ndani ya ala ya chuma isiguse maji kabisa. Ukiipata, hiyo inafaa sana kwa maji magumu. Uliza pia juu ya fimbo ya magnesiamu. Fimbo hii huliwa na kutu badala ya tangi, na maji ya chumvi huimaliza haraka. Ikiisha bila kubadilishwa, tangi lenyewe ndilo linaloanza kuliwa. Mwisho, lazima pawe na valvu ya usalama ya kutoa mvuke na mkandamizo, na fundi asiizibe kwa sababu eti inadondosha maji.

Themostati iwekwe nyuzi 60. Ukipandisha zaidi unazidisha chokaa na LUKU. Ukishusha sana, maji ya uvuguvugu yanayokaa tangini yanaweza kufuga vijidudu vinavyoleta homa ya mapafu. Lakini kumbuka kwamba maji ya nyuzi 60 humchubua mtoto kwa sekunde chache. Maji ya baridi yatangulie ndooni, ya moto yafuate.

Hita ya gesi ya papo kwa papo nimekwisha kuieleza habari yake na ukoko. Naongeza hili tu: isifungwe ndani ya bafu, kwa maana hewa ya sumu inayotoka humo haina harufu. Jiko la mkaa pia lisiingizwe chumbani kupasha maji. Ipo na pampu ya joto, inayotumia kama theluthi ya umeme wa koili, ila bei yake bado ni ya hoteli kuliko ya kwetu.

Jua la Dodoma

Majira ya baridi Dodoma ni majira ya kiangazi, na mbingu huwa nyeupe kwa miezi. Joto la jua halilipiwi LUKU, kwa hiyo anayejenga nyumba yake mwenyewe afikirie hita ya jua mapema, kabla mabomba hayajafukiwa ukutani.

Hapa pia maji ndiyo yanayoamua. Zile ambazo maji ya bomba yanapita moja kwa moja katika vijibomba vyembamba vya paa huziba kwa chokaa, na fundi akipanda hana la kufanya. Kwa maji magumu taka ile ya mizunguko miwili, ambamo maji maalumu huzunguka kwenye jua na kurudi kupasha tangi kwa nje, bila kuchanganyika na maji ya kuoga. Ni ghali zaidi siku ya kununua. Ukoko utashika tangini tu, nako kunasafishika.

Maji ya mvua ni laini

Watu wengi huulizia mashine za kulainisha maji. Zipo, zinafanya kazi, na zinataka chumvi kila mara. Kabla hujafika huko, tazama bati lako. Maji ya mvua hayana chokaa. Dodoma hupata karibu milimita 570 za mvua kwa mwaka, nyingi kati ya Desemba na Aprili, na bati la mita 100 za mraba linaweza kumwaga zaidi ya lita 40,000 kwa mwaka hata ukitoa zinazopotea.

Huna haja ya kuyahifadhi yote. Ndoo ya kuogea ni nusu maji ya moto na nusu ya baridi, na yanayoleta ukoko ni yale ya moto tu. Familia ya watu watano inahitaji lita 50 za moto kwa siku. Tangi la plastiki la lita 5,000 lililojaa mwishoni mwa Aprili, likiungwa kwenye hita peke yake, litafika siku 100, yaani hadi mwanzoni mwa Agosti, wakati baridi kali imekaribia kwisha. Mvua ya kwanza iachwe ipite ioshe vumbi la bati. Fundi aweke koki mbili, ili maji ya mvua yakiisha uweze kurudi kwenye ya bomba bila kuvunja ukuta.

Anayetumia maji ya bomba mwaka mzima amwite fundi baada ya miezi sita ya kwanza afungue tangi. Umeme uzimwe kwenye meni swichi kwanza. Fundi amwage mchanga wa chini, atoe koili, aisafishe kwa siki au maji ya ndimu, na kuitazama fimbo ya magnesiamu. Akikuta ukoko mwembamba, rudieni kila mwaka. Akikuta mnene kama kidole, rudieni kila miezi mitatu au minne. Msikubali amwage maji ya betri humo ndani, maana asidi hiyo hula chuma, na kwa chokaa hutengeneza ukoko mwingine mgumu kutoka. Tarehe ya kusafisha iandikwe kwa kalamu ya wino mzito pembeni ya hita, pamoja na tarehe ya kubadilisha fimbo.