Istilahi za Matembezi ya Fumbo: Mfano wa Mji wa Tabora

Katika miaka ya karibuni umeenea katika miji mingi ya dunia utaratibu mpya wa kuujua mji. Mgeni, au hata mwenyeji, hupewa karatasi au maelezo katika simu yake, pasipo mtu wa kumwongoza. Huanzia mahali palipotajwa, husoma swali, hutazama jengo, jina la mtaa au tarehe iliyochongwa ukutani, na jibu alilolipata humwelekeza mahali pa pili. Huendelea hivyo kwa miguu mpaka mwisho, ambapo majibu yote huungana na kufumbua jambo moja lililofichika tangu mwanzo. Asili ya utaratibu huu si ya jana. Mwaka 1854 huko Dartmoor, Uingereza, iliwekwa chupa nyikani ili kila aliyeweza kufika aache kadi yenye jina lake. Na mwezi Mei 2000 huko Oregon, Marekani, ulianzishwa mchezo wa kutafuta vitu vilivyofichwa kwa kufuata vipimo vya setilaiti.

Jambo hili sasa linahitaji kutajwa kwa Kiswahili. Msomaji aliyewahi kukutana na tafsiri za haraka atakuwa ameona maneno kama "ziara ya siri ya kutembea ya kujiongoza". Maneno yote hayo ni ya Kiswahili, lakini hayampi Mswahili picha yoyote. Madhumuni ya makala hii ni kuonyesha kuwa dhana yenyewe si ngeni kwetu, na kwamba istilahi zake zimekwisha kutayarishwa katika mambo mawili tunayoyafahamu: utaratibu wa kitendawili na lugha ya misafara. Mfano tutakaoutumia ni mji wa Tabora.

Mwandishi wa makala hii ni mzaliwa wa Ntalikwa, kata iliyomo katika Manispaa ya Tabora, na alisoma mjini. Siku moja, akiwa amekwisha kuhitimu Chuo Kikuu, alikuwa akimtembeza mjini mzee mmoja mgeni kutoka pwani. Mzee akauliza, "Katika vitabu vya wasafiri wa zamani nimesoma habari za Kazeh. Hiyo Kazeh iko wapi?" Sikuwa na jibu. Mzee akacheka, akasema, "Basi, mwanangu, nipe mji." Nikampa Tabora. Ilikuwa ni mzaha, lakini nilirudi nyumbani nikiona haya, kwani niliutoa mji niliozaliwa kwa sababu sikuweza kuusoma.

Mzaha ule ndio msingi wa hoja yetu. Mtoto wa Kiswahili husema, "Kitendawili!" na wenzake huitika, "Tega!" Akiisha kutega, wenzake hujaribu kutegua. Wakishindwa, mtegaji hudai mji, naye hupewa mji wautakao wenyewe. Akiupokea ndipo hutoa jibu. Tazama jinsi utaratibu huu ulivyokamilika. Kuna anayetega, kuna anayetegua, kuna swali lililofumbwa, kuna majaribio, kuna adhabu ya kushindwa, na adhabu yenyewe ni mji. Miji mingine imelazimika kubuni mchezo wa kuwafanya watu wautegue mji. Sisi tumekuwa tukitoa miji kwa vitendawili tangu utotoni.

Kisarufi pia jozi hii ina faida kubwa. Vitenzi "tega" na "tegua", kama "fumba" na "fumbua", vinahusiana kwa kauli ya kutendua: cha pili hukiondoa kile kilichofanywa na cha kwanza. Kutokana na mizizi hii miwili tunapata "mtegaji", "mteguaji", "fumbo" na "ufumbuzi", bila kukopa hata neno moja. Istilahi zinazotoka katika shina moja hukumbukwa kwa urahisi kuliko zile zinazookotwa huku na huko.

Sasa tutazame maneno yenye utata. La kwanza ni "siri". Wafasiri wengi hulikimbilia, lakini siri ni jambo ambalo mwenye nalo hataki lijulikane. Fumbo ni kinyume chake: mwenye kulifumba anataka lijulikane, ila kwa juhudi. Matembezi tunayoyazungumzia ni ya fumbo.

La pili ni "ziara". Neno hili lina uzito wa mwaliko na heshima: kiongozi hufanya ziara mikoani, na waumini huzuru makaburi. Mtu anayetembea mjini kwa miguu yake, kwa nafasi yake, yumo katika "matembezi".

La tatu ndilo gumu zaidi, nalo ni "kiongozi". Katika misafara ya karne ya 19 iliyotoka Bagamoyo kuja Unyanyembe na kuendelea Ujiji, mtu aliyetangulia mbele ya wapagazi aliitwa kirangozi. Kazi yake ilikuwa kuijua njia na kuwatangulia wenzake. Neno "kiongozi" la siku hizi limehamia zaidi katika siasa na utawala, kiasi kwamba tukiandika "matembezi yasiyo na kiongozi" msomaji anaweza kudhani ni maandamano yaliyokosa mwenyewe. Hivyo tunapendelea "matembezi ya kujiongoza". Si neno "kiongozi" peke yake lililosafiri hivyo. Hongo ilikuwa ushuru aliotozwa mwenye msafara na watawala wa nchi alizopita. Leo ni rushwa. Posho ilikuwa chakula cha siku cha mpagazi. Leo ni fedha za mtumishi aliye safarini. Mwundaji wa istilahi hana budi kuujua mwendo huu wa maana, asije akafufua neno akidhani bado liko pale alipoliacha babu yake.

Lakini liko neno la msafara ambalo halijapoteza maana yake, nalo ni "kituo". Latokana na "tua": mahali pa kutua mzigo. Katika matembezi ya fumbo, kila mahali penye swali ni kituo hasa, kwa kuwa hapo mtembezi hutua jibu moja na kujitwika swali jingine.

Ili istilahi hizi zionekane zikifanya kazi, tutege matembezi mafupi ya Tabora. Fumbo kuu ni lile lililomshinda mwandishi: Mnamo Novemba 1857 Burton na Speke walifika katika mji wakauita Kazeh. Jina hilo halimo katika ramani ya leo. Mji ule ulikwenda wapi?

Kituo cha kwanza ni stesheni ya reli. Reli ya Kati kutoka Dar es Salaam ilifika Tabora mwaka 1912, ikafika Kigoma mwaka 1914. Njia ya Mwanza ilikamilika mwaka 1928. Swali: Ni mtaa gani mjini ambao jina lake haliwezi kuwa la zamani kuliko reli? Kidokezo kimo katika jina lenyewe: Tambukareli. Mtembezi amejifunza kuwa jina la mahali laweza kumpa tarehe.

Kituo cha pili ni majina ya kata nyingine. Mteguaji aandike safu mbili. Katika ya kwanza aweke Mtendeni na Mbugani; katika ya pili Isevya, Ipuli, Itetemia na Ntalikwa. Swali: Safu hizi zinatofautiana kwa nini? Safu ya kwanza ina kiambishi "-ni" cha mahali, ambacho ni cha Kiswahili; tena mtende si mti wa asili wa Unyamwezi. Safu ya pili ina umbo la lugha ya wenyeji. Hivyo mji huu una tabaka mbili za majina, na Tambukareli ni la tabaka ya tatu. Mtembezi ameisoma historia ya msafara pasipo kufungua kitabu.

Kituo cha tatu hakina jengo la kutazamwa, bali picha ya sarafu. Mwaka 1916, katika Vita Kuu ya Kwanza, Wajerumani walizuiliwa baharini na Waingereza wasipate fedha kutoka kwao. Wakafua sarafu katika karakana ya reli huku Tabora, zikiwemo za dhahabu za rupia 15, takriban 16,000 kwa hesabu. Upande mmoja una tembo, na sarafu ina herufi moja ndogo. Swali: Herufi hiyo ni ipi, na ya nini? Ni T, ya Tabora. Tarehe 19 Septemba mwaka huo majeshi ya Wabelgiji kutoka Kongo yaliuteka mji. Basi katika mwaka 1916 jina Tabora lilikwisha kuwa imara hata likatiwa katika dhahabu.

Kituo cha mwisho ni Kwihara, kilomita chache nje ya mji, kwenye tembe walimokaa Livingstone na Stanley mwaka 1872. Stanley aliondoka mwezi Machi kurudi pwani. Livingstone alibaki mpaka Agosti akingoja wapagazi. Hapa mteguaji huelewa kuwa wasafiri wa zamani hawakukaa katika mji mmoja wenye mipaka. Unyanyembe ilikuwa nchi ya makazi yaliyotawanyika, kila moja na jina lake, na Kazeh lilikuwa mojawapo. Jibu la fumbo ni kwamba mji haukwenda popote. Ni jina moja lililofifia na jingine likatanda juu ya yote. Na kuhusu jina hilo lililotanda, wenyeji husimulia kuwa latokana na matobolwa, yaani viazi vitamu vilivyopikwa na kukaushwa, chakula kinachomfaa sana mtu wa safari.

Yafaa tutoe onyo moja. Njia hii ya misafara haikupitisha pembe za ndovu tu. Ilipitisha pia watu waliouzwa. Hapo mtegaji asifanye mzaha. Swali linalomhusu mtumwa lisiulizwe kama la kutafuta kisanduku, wala mteguaji asipewe zawadi kwa kulijibu. Ndiyo sababu nyingine ya kuchagua "fumbo" badala ya "mchezo": fumbo laweza kubeba huzuni, na wahenga walilitumia kwa mambo mazito.

Kwa muhtasari, mapendekezo yetu ni haya:

(a) Matembezi ya fumbo: matembezi ya miguu yenye maswali yanayoungana katika ufumbuzi mmoja.
(b) Matembezi ya kujiongoza: yale ambayo mtembezi hufuata maelezo bila kutembezwa na mtu.
(c) Mtegaji: aliyetunga maswali na kupanga vituo.
(d) Mteguaji: anayetembea na kujibu.
(e) Kituo: mahali palipo na swali.
(f) Kidokezo: jambo dogo linaloelekeza kwenye jibu.
(g) Ufumbuzi: jibu la fumbo zima, mbali na majibu ya vituo.
(h) Kutoa mji: kukiri kushindwa na kuomba jibu.

Istilahi hizi bado ni mapendekezo, wala hazijasanifiwa. Huenda wasomaji wengine wakaona kuwa (h) ni ya kitoto mno kuingizwa katika orodha rasmi. Sisi twaona kuwa ndiyo yenye nguvu kuliko zote, kwa sababu yaeleza hasara halisi. Kijana wa Tabora asiyejua kwa nini Tambukareli yaitwa hivyo amekwisha kuutoa mji wake kwa yeyote atakayekuja kumwelezea, tena kwa lugha ya huyo mgeni.

Pia lugha za wenyeji zisisahauliwe. Neno "ikulu" lilikuwa makao ya mtemi kabla halijawa makao ya Rais, na limetufaa kwa muda mrefu. Yamkini Kinyamwezi kina maneno ya wapagazi juu ya njia, alama na kupotea ambayo yangeweza kuikamilisha orodha hii. Wazee wa Ntalikwa, Itetemia na kwingineko wanaoyajua wanaombwa kuwasimulia vijana wao, na vijana wayaandike na kutuletea. Mzee wangu wa pwani naye, ikiwa atapata kuyasoma haya, naomba anirudishie mji wangu. Jibu nimekwisha kulipata.