Mwendesha baiskeli wa Luvungi asitegemee miguu peke yake

Katika bonde la Ruzizi, mashariki mwa Kongo, baiskeli ni chombo cha kazi. Kwenye barabara ya taifa namba 5, kutoka Luvungi kupitia Sange hadi Uvira, hubebeshwa mihogo, makaa na madumu, na anayeiendesha husifiwa kwa ukakamavu wa miguu. Sifa hiyo ni haki yake, lakini inasahau kiwiliwili. Kila mguu unapokandamiza pedali, nyonga hutaka kuyumba; misuli ya tumbo, mbavu, mgongo na makalio ndiyo inayoituliza. Ikichoka, shida huhamia kiunoni na magotini.

Ushahidi upo. Katika utafiti wa Marekani wa mwaka 2007, waendesha baiskeli 15 wa mashindano walifanyishwa mazoezi ya kuchosha kiwiliwili, kisha wakapimwa wakikanyaga. Nguvu iliyofika kwenye pedali haikupungua, ila mwendo wa magoti ulibadilika, yakayumba zaidi. Kwa hiyo asiyepungua mwendo asidhani yu salama. Huenda magoti ndiyo yanayolipa. Mwaka 2010 watafiti wa Norway waliwahoji waendesha baiskeli 109 wa kulipwa: asilimia 58 walikuwa wameumwa kiuno ndani ya miezi 12. Ikiwa wenye baiskeli nyepesi, wanaohudumiwa na madaktari, huumwa hivyo, mbeba magunia ana kila sababu ya kujikinga.

Atasema mtu kuwa kazi yenyewe ni zoezi tosha. Kukanyaga hujenga mapaja kweli, lakini mgongo hubaki umeinama vilevile kwa saa nyingi, na anayeshuka kusukuma hujipinda upande mmoja. Mwingine atauliza vyuma vya mazoezi vitatoka wapi. Havihitajiki. Stuart McGill, mtaalamu wa mgongo na profesa mstaafu wa Chuo Kikuu cha Waterloo, Kanada, hufundisha mazoezi matatu ya mkekani: kulala chali, goti moja limekunjwa, na kuinua kichwa na mabega kidogo tu; kulala ubavu na kujiinua kwa kiwiko na magoti; na kupiga magoti, viganja chini, na kunyoosha mkono mmoja pamoja na mguu wa upande wa pili. Kila mkao hushikiliwa kwa sekunde zisizozidi 10, kisha hurudiwa. Mazoezi hayahalalishi mzigo uliopita kiasi au uliofungwa kombo, na mwenye ganzi miguuni au anayeshindwa kuzuia mkojo awahi hospitali. Lakini kwa mwenye afya, dakika chache za jioni ni kinga anayoimudu, na mgongo unaolisha nyumba nzima haufai kungojwa mpaka uanze kuuma.