Chatu na Nyoka wa Mitini wa Australia: Jina Linapookoa Uhai

Utangulizi

Wahenga walinena kuwa mtafunwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Methali hii huonyesha jinsi hofu inavyomzuia mtu kutofautisha kitu na mfano wake. Katika nyika na misitu ya Australia, hofu ya namna hiyo imewagharimu uhai nyoka wengi wasio na hatia. Nchi hiyo ina nyoka wenye sumu kali mno, na sifa zao zimewafunika wenzao wasioweza kumdhuru binadamu kwa sumu. Makala haya yanafafanua makundi mawili ya nyoka hao, yaani chatu na nyoka wa mitini, kisha yanaonyesha kwa nini suala la kuwataja ipasavyo linamhusu pia mwanafunzi wa Kiswahili.

Chatu wa Australia

Australia ina zaidi ya spishi 10 za chatu, na hakuna hata moja yenye sumu. Chatu huvizia windo, hulidaka kwa meno, kisha hulizungukia na kulibana mpaka damu ikome kuzunguka mwilini mwake. Wengi wao wana vishimo midomoni vinavyohisi joto, hivyo huweza kuwinda gizani.

Anayejulikana zaidi ni chatu zulia, aitwaye kisayansi Morelia spilota. Jina lake latokana na mabaka yanayofanana na nakshi za zulia. Yeye huonekana hata darini mwa nyumba za watu, ambako hula panya. Nususpishi yake moja, chatu almasi, huishi katika pwani ya New South Wales hadi mashariki mwa Victoria, na hakuna chatu mwingine duniani aishiye kusini zaidi yake. Ili kuyakinga mayai na baridi, jike huyazungukia na kutetemesha misuli yake hadi joto lizalike.

Chatu hawa hutofautiana sana kwa kimo. Simalia kinghorni, wa misitu ya kaskazini mwa Queensland, huweza kuzidi mita 5, ilhali Antaresia perthensis wa Australia Magharibi, ambaye aghalabu hujificha vichuguuni, huwa na urefu wa takriban sentimita 60 tu.

Wapo pia chatu wawili wa jenasi ya Aspidites: chatu kichwa-cheusi na woma. Hawa hawana vishimo vya joto midomoni. Chakula chao kikuu ni wanyama watambaao, wakiwemo nyoka wenye sumu. Kwa hivyo, anayemuua chatu wa aina hii kwa kuogopa sumu humwondolea nyoka mwenye sumu adui wake.

Nyoka wa mitini

Nyoka wa kijani wa mtini, Dendrelaphis punctulatus, ni mwembamba, mwepesi na huwinda mchana. Hana sumu. Hula hasa vyura na mijusi. Akitishwa, huvimbisha shingo hadi ngozi ya buluu ionekane kati ya magamba, na akishikwa hutoa harufu mbaya. Hiyo ndiyo silaha yake. Hata hivyo, si kila nyoka wa spishi hii ni wa kijani; wapo wenye rangi ya zeituni na hata ya kahawia. Hao ndio hudhaniwa kuwa nyoka wa kahawia wa mashariki, Pseudonaja textilis, ambaye husababisha vifo vingi zaidi vya kuumwa na nyoka nchini humo.

Mwenzake, nyoka wa kahawia wa mtini, Boiga irregularis, huwinda usiku na ana sumu hafifu itokayo kwenye meno ya nyuma. Katika makao yake ya asili ni sehemu ya mizani ya viumbe. Lakini baada ya Vita Vikuu vya Pili vya Dunia, nyoka wa spishi hii walifika kisiwani Guam, yamkini wakiwa ndani ya shehena, na wakaangamiza karibu ndege wote wa asili wa msituni. Kisa hiki kinathibitisha kuwa nyoka hawezi kuhukumiwa bila kuzingatia mahali alipo.

Majina na maana

Wenyeji wa Australia walitambua tofauti hizi zamani. Katika lugha ya Wapitjantjatjara, kuniya ni chatu na liru ni nyoka mwenye sumu. Hata katika masimulizi ya Waanangu kuhusu mwamba wa Uluru, Kuniya ni mwanamke chatu anayepambana na shujaa wa Liru kwa ajili ya kifo cha mpwa wake. Lugha iliyotenga maneno hayo mawili ilimpa mtoto elimu ya kujikinga pamoja na hadithi.

Mfasiri wa Kiswahili naye hukabiliwa na mitego. Mwaka 1842, John Edward Gray alimpa chatu mmoja jina la kumuenzi mwanasayansi John George Children. Kwa kuwa jina hilo la ukoo lina maana ya "watoto" katika Kiingereza, asiyechunguza atamwita "chatu wa watoto", na hivyo kupotosha. Tafsiri sahihi ni "chatu wa Children". Vilevile, chatu wa kijani wa mtini aishiye katika rasi ya Cape York, ambaye huwa wa manjano au mwekundu utotoni, si nyoka wa kijani wa mtini. Neno moja tu ndilo linalowatenga. Tena, anayefupisha "nyoka wa kahawia wa mtini" kuwa "nyoka wa kahawia" humbadilisha nyoka wa sumu hafifu kuwa muuaji.

Hitimisho

Queensland huwalinda nyoka wa asili kwa sheria ya mwaka 1992, lakini sheria haiwezi kumlinda kiumbe ambaye raia hamtambui. Pia, maarifa ya Australia hayafai kuhamishwa kiholela. Katika pwani ya Kenya, nyoka mwembamba wa kijani mtini anaweza kuwa ukukwi asiyedhuru, au koboko wa kijani ambaye sumu yake huua. Anayeshindwa kuwatofautisha na akae mbali nao wote, bila kuwaua. Kamusi na vitabu vya kiada vinavyomweleza kila mmoja kuwa "aina ya nyoka" havimsaidii msomaji. Fasili timilifu yapasa itaje umbo, makao na sumu, maana kwa mtu na kwa nyoka vilevile, jina lisilo sahihi laweza kuwa hukumu ya kifo.