Bundi wa Karata na Bundi wa Juu ya Paa

Hebu msomaji ajiulize swali moja. Ametandaziwa karata mezani, akaambiwa achague moja bila kuiona, na alipoigeuza akamkuta bundi amemkodolea macho. Je, afurahi au ahuzunike? Kijitabu kinachouzwa pamoja na karata za namna hiyo huenda kikamwambia kuwa bundi ni hekima, jicho lionalo gizani. Bibi yake, kama ni mtu wa pwani, yumkini atamwambia airudishe upesi, maana bundi akilia juu ya paa hutangaza msiba. Ndege ni yule yule, lakini maana ni mbili, tena zinapingana.

Karata tunazozizungumzia huitwa taroti. Seti kamili ina karata 78. Kati ya hizo, 22 ni za picha kuu, kama vile Jua, Mwezi na Mauti. Na 56 zimegawanyika katika mafungu manne: vikombe, sarafu, magongo na panga. Siku hizi zimetokea seti nyingi ambamo watu wameondolewa pichani na mahali pao wakawekwa wanyama.

Mafungu hayo manne si mageni kwetu kama inavyodhaniwa. Wacheza karata wa barazani hutaja kopa, uru, pau na shupaza. Majina hayo yalitokana na Kireno, na katika lugha hiyo maana yake ni vikombe, dhahabu, magongo na panga. Basi mkazi wa Upanga anapotupa shupaza yake mkekani, kwa hakika ametupa upanga.

Taroti yenyewe ilianza katika karne ya 15 kaskazini mwa Italia, nayo ilikuwa mchezo tu. Watu waliicheza kwa zaidi ya miaka 300 kabla haijapata sifa ya kutabiri. Mwaka 1781, mjini Paris, Antoine Court de Gébelin aliandika kuwa karata hizo zimeficha elimu ya makuhani wa Misri ya kale. Wakati huo hapakuwa na mtu duniani aliyeweza kuyasoma maandishi ya Misri ya kale. Champollion alitangaza ufunguo wake mwaka 1822. Lakini dai la Gébelin lilikwisha kuenea, na wapiga bao wa Ufaransa walikwisha kulifanyia biashara.

Wanyama waliingia karatani zamani. Katika seti maarufu iliyochorwa na Pamela Colman Smith na kutolewa London mwaka 1909, karata ya Nguvu inamwonyesha mwanamke ameshika kinywa cha simba kwa upole. Katika Mwezi, mbwa na mbwa mwitu wanabweka. Mpumbavu anakaribia ukingo wa genge huku mbwa mdogo akirukaruka pembeni yake. Wachoraji wa seti za wanyama wameendeleza jambo hilo: nyoka ajivuaye gamba husomwa kuwa mwanzo mpya, na mbweha kuwa ujanja.

Nasi tunayo desturi yetu iliyo karibu na hiyo. Ng'ambo ya bonde la Jangwani, huko Magomeni, aliishi Sheikh Yahya Hussein, mnajimu aliyejulikana Afrika Mashariki nzima mpaka alipofariki mwezi Mei 2011. Katika nyota 12 zinazochapwa magazetini, saba ni za viumbe: Punda, Ng'ombe, Kaa, Simba, Nge, Mbuzi na Samaki. Tumtazame huyo wa kwanza. Kwa Kiarabu nyota hiyo ni Hamal, yaani mwana-kondoo. Kwa Wazungu ni kondoo dume. Kwetu ni Punda. Mtoto aliyezaliwa mwanzoni mwa Aprili ni kondoo akiwa London na punda akiwa Kariakoo, ilhali mbingu ni ile ile. Hapana budi kukiri kuwa maana haikutoka kwa mnyama. Imewekwa na watu. Hata simba, mtu wa Mtaa wa Msimbazi akisikia jina hilo hafikirii mwituni wala nyotani, bali klabu iliyoacha jina la Sunderland na kuitwa Simba mwaka 1971.

Hadi hapo mambo ni ya kufurahisha. Tatizo huanza pale ishara inapoelekezwa kwa binadamu mwingine. Katika mikoa ya Kanda ya Ziwa, wanawake wazee wameuawa kwa sababu mtu alisoma wekundu wa macho yao kuwa alama ya uchawi, kumbe wengi wao walikuwa wamepika miaka mingi kwenye moshi wa kuni na samadi. Ndugu zetu wenye ualbino wamewindwa kwa sababu mtu alidai kuwa viungo vyao vina maana ya utajiri. Mwezi Januari 2015 Serikali ilitangaza kupiga marufuku wapiga ramli, ikiwa ni hatua ya kukomesha mauaji hayo. Ramli chonganishi hufanya kazi ile ile ya kijitabu cha karata, yaani kumpa mteja maana iliyokwisha kutengenezwa. Tofauti ni kwamba maana hiyo hubeba jina la jirani.

Je, familia izitupe karata hizo? La. Picha za wanyama ni nyenzo nzuri ya mazungumzo ya jioni. Mzazi na afungie kijitabu kabatini, amtandazie mtoto karata tano, amwambie atunge hadithi. Amuulize: kwa nini umemfanya fisi kuwa mwizi na sungura kuwa mwerevu? Nani alikuambia? Mtoto aliyezoea kujibu swali hilo la mwisho hatakuwa mwepesi kuamini, atakapokuwa mtu mzima, anaponyooshewa kidole mzee wa mtaani.

Na bundi akitua juu ya paa, asipigwe mawe. Chakula chake kikubwa ni panya, na mwenye kuhifadhi nafaka hana sababu ya kumfukuza.