Zebaki nyekundu: 'Mali ya Mjerumani' ambayo huipati hata ukichimba Muheza nzima

Simu inaita. Ni jamaa unayemfahamu juu juu tu, anaongea kwa sauti ya chini. Anasema kuna mzee njia ya kwenda Amani ana kitu alichoacha Mjerumani: kichupa kidogo, ndani kuna maji mekundu. Mnunuzi kutoka nje yupo tayari na mabilioni yake. Kilichobaki ni hela ya kipimo tu, halafu mnagawana.

Kitu hicho ndiyo zebaki nyekundu, mtaani wengi wanaiita mekyuri. Tatizo ni moja: haipo.

Inasemekana inafanya nini?

Kwenye video zinazozunguka mitandaoni, tone jekundu linakimbia kitunguu saumu, linafuata dhahabu, na eti halionekani kwenye kioo. Wengine wanadai inaita majini na kuleta utajiri. Wengine wanasema ni kiungo cha bomu la nyuklia.

Hadithi ya bomu ilivuma sana wakati Muungano wa Kisovieti unavunjika, matapeli walipoanza kuiuza kwa siri. Shirika la Kimataifa la Nishati ya Atomiki limeshasema kitu hicho hakipo. London, wanaume watatu walikamatwa mwaka 2004 wakidaiwa kutaka kuinunua. Mwaka 2006 mahakama iliwaachia huru.

Saudi Arabia nako, mwaka 2009, ulivuma uvumi kwamba imo ndani ya cherehani za zamani za Singer. Bei ya cherehani kuukuu ikapaa kwa siku chache. Ndani hamkuwa na kitu.

Kwa nini Muheza inaingia akilini?

Kwa sababu uongo huu umesimama juu ya ukweli. Wajerumani walikuwepo kweli. Reli kutoka Tanga ilianza kujengwa mwaka 1893 na kufika Muheza mwaka 1896. Mwaka 1902 wakaanzisha taasisi ya utafiti wa kilimo na mimea kule Amani. Vita vya Kwanza vilipofika, mwaka 1916 waliiacha Tanga.

Watu wa maabara, milimani, halafu wanaondoka katikati ya vita. Hapo tapeli hana kazi kubwa, hadithi imeshajijenga yenyewe. Lakini Amani walikuwa wanapanda na kuchunguza miti na mazao, hawakuwa wanapika dawa za utajiri.

Na rupia je?

Rupia ya Mjerumani ipo kweli. Ile ya kawaida ina picha ya Kaisari Wilhelm II, uzito wake ni gramu 11.66, na karibu asilimia 92 yake ni madini ya fedha. Ipo pia ya dhahabu ya rupia 15, yenye picha ya tembo, iliyotengenezwa Tabora mwaka 1916.

Wanaokusanya sarafu za kale wananunua vitu hivi. Ila thamani inatokana na ukale, uadimu na madini yenyewe. Hakuna rupia yenye mekyuri ndani. Zebaki ni kimiminika, na ikigusa fedha au dhahabu inaungana nayo. Ndiyo maana wachimbaji wadogo wanaitumia kunasa dhahabu. Ingewekwa ndani ya rupia, ingeiharibu rupia yenyewe.

Uongo wa video unaonekana hata kwenye rangi. Zebaki halisi inaing'ang'ania dhahabu ikiigusa. Na rangi yake ni ya kung'aa kama fedha, siyo nyekundu. Vitu vyekundu vyenye zebaki vipo, kama jiwe la sinabari, ambalo ni zebaki iliyoungana na salfa. Hicho ni kitu cha kawaida kwa wanakemia, hakina uchawi, na ni sumu.

Hasara iko wapi?

Kwanza ni pesa. Leo hela ya kipimo, kesho ya usafiri wa mnunuzi, keshokutwa ya kibali. Mnunuzi hafiki. Na aliyepigwa mara nyingi anaona aibu kwenda polisi, maana ataulizwa alikuwa ananunua nini.

Pili ni afya. Mtu anayepasua vipimajoto au taa za mirija akitafuta mekyuri anavuta mvuke wa zebaki. Mvuke huo hauonekani wala haunuki, lakini unaharibu ubongo na figo, na ni hatari zaidi kwa mama mjamzito na mtoto aliye tumboni.

Tatu ni uhai. Mwezi Januari 2013, mlipuko kwenye nyumba ya mganga huko Chitungwiza, Zimbabwe, uliua watu kadhaa akiwemo mganga mwenyewe. Nchini humo kuna watu wanaoamini mekyuri imo ndani ya mabomu ya zamani. Tanga nayo ilipiganiwa mwaka 1914. Ukikuta chuma cha zamani kinachofanana na risasi kubwa au kombora, usikiguse. Toa taarifa polisi.

Ukiletewa dili, fanya hivi

Uliza swali moja tu: kama mnunuzi ana mabilioni, kwa nini hela ya kipimo itoke kwako?

Kama una rupia ya bibi au babu, usiikwangue wala kuisugua, thamani inashuka. Ipime uzito, piga picha pande zote mbili, linganisha bei kwa zaidi ya mnunuzi mmoja. Usimwachie mtu "akaipime" bila wewe kuwepo.

Na akija mtu na kichupa chekundu, mwambie akauze kwanza mwenyewe. Mwenye mali ya mabilioni hakosi nauli ya kumfikia mnunuzi.