Je, Wajua? Mwingereza Aliyemfuata Bi Kidude

Je, wajua kwamba filamu iliyomweleza Bi Kidude, mwimbaji wa taarab wa Zanzibar, kwa mapana iliongozwa na Mwingereza? Anaitwa Andy Jones, na filamu yake, "As Old as My Tongue", ilitoka 2006. Mwaka uliotangulia, bibi huyo alipokea tuzo ya muziki ya WOMEX mjini Newcastle, Uingereza.

Je, wajua jina alilopewa na wazazi? Fatuma binti Baraka, mzaliwa wa Mfagimaringo, Unguja, binti wa muuza nazi. Mwaka wa kuzaliwa haujulikani, na hapo ndipo kazi ya mwongozaji inapokuwa ngumu na tamu: hana cheti cha kushika, ana masimulizi tu. Taarab Bi Kidude aliipata kwa Siti binti Saad, yule aliyevuka bahari 1928 kurekodi santuri Bombay. Bi Kidude akapiga ngoma za unyago, akawafunda wanawali kwa miaka mingi, akavuta sigara mbele ya watu bila kumwogopa yeyote.

Je, wajua Jones hakuishia hapo? Alitengeneza filamu ya pili, "I Shot Bi Kidude", inayofuatilia siku za mwisho za bibi, aliyefariki 17 Aprili 2013. Wapiga picha wengi huja mara moja wakaenda zao. Kwangu mimi, kurudi huko ndiko kunakompa Jones heshima.

Je, wajua kuhusu Jeremy Marre, Mwingereza mwingine? Mfululizo wake "Beats of the Heart" una filamu 14. Nigeria na Afrika Kusini zimo, Tanzania haimo.

Je, wajua litungu, ala ya Wakurya wa Tanzania, lina nyuzi 8? Manchira, wilayani Serengeti, inatajwa zaidi kwa bwawa linalopeleka maji Mugumu. Natamani itajwe pia kwa wapiga litungu wake, maana ala hii inastahili filamu nzima, na wazee wanaoijua vizuri hawatangoja.

Je, wajua Hugh Tracey, mzaliwa wa Devon, Uingereza, alizunguka Tanganyika na mashine ya kurekodi 1950? Rekodi zake aliziambatanisha na kadi za maelezo: lugha, ala, mahali. Leo zimehifadhiwa Makhanda, Afrika Kusini. Kijana wa Manchira anayerekodi litungu kwa simu aandike hayo matatu, na kabla ya yote, jina kamili la mpigaji.